Mwanamke Aliyekatazwa Kupunga Mkono

Kila kiangazi watu huja na kamera zao kwenye kile kipande cha lami ya uwanja wa ndege kilichobaki katika shamba la jirani yangu. Wanataka habari za Lancasta, ile ndege ya mabomu ya Vita vya Pili. Ilibeba mabomu ya uzito gani, injini zake nne zilingurumaje, ilipanda juu kiasi gani. Huwa nawajibu, maana nimezeeka na sina haraka, lakini moyoni nakereka. Hakuna hata mmoja aliyewahi kuniuliza juu ya Muriel Grummitt.

Muriel alifariki Februari hii katika nyumba ya wazee, hapa Boston yetu ya Lincolnshire, Uingereza. Mazishini tulikuwa wachache mpaka kasisi akatuomba tusogee mbele. Kaka yake alikuwepo, na watoto wa kaka yake, ambao shangazi yao huyo hakuwahi kumbeba hata mmoja walipokuwa wachanga. Wao wanadhani hakupenda watoto. Niliwaacha wadhani hivyo kwa sababu kanisani si mahali pa kupiga kelele, na mimi nikiianza habari hii hupiga kelele.

Alikuwa binti wa mkulima wa viazi. Alijua kuendesha lori la baba yake kabla hajajua kupika, na alipojiunga na jeshi la anga walimkabidhi lori siku ile ile. Mwanamke mkubwa wa umbo, mwenye mwanya, na akicheka ulimsikia ng'ambo ya pili ya kambi. Tulilala vitanda jirani katika bweni la bati pale kambini Hallaby, mimi nikifanya kazi jikoni, yeye akiendesha. Baridi ya bweni lile sitaisahau. Tulilala na makoti, na Muriel alivaa soksi za baba yake juu ya zake.

Kazi yake ilikuwa kuwachukua vijana wa ndege pamoja na maparachuti yao na kuwafikisha pale ndege yao ilipoegeshwa. Kila ndege ilikuwa na saba: rubani, fundi wa injini, mwongoza njia, mtu wa redio, mtupa mabomu, na wapiga bunduki wawili. Ukimaliza safari thelathini unapumzishwa. Wengi hawakuzimaliza. Asubuhi watu wa ofisi waliingia kwenye bweni la waliopotea, wakakunja mablanketi, wakatia vitu vyao kwenye magunia, na mchana vijana wengine saba walikuwa wakijaribu magodoro yale yale. Jikoni tuliwapa yai kabla ya kuruka, yai la kweli, wakati nchi nzima inakula la unga. "Usiporudi, yai lako la kesho langu," walitaniana mezani. Mwanzoni na mimi nilicheka.

Mtu akiishi hivyo hutafuta cha kushikilia. Mmoja alivaa skafu ya mama yake, mwingine hakunyoa ndevu siku ya safari, na karibu wote walikojolea gurudumu la nyuma kabla ya kupanda, wenye vyeo wakiwemo. Hayo sikuyalaumu. Na sisi tuliobaki tulikuwa na la kwetu: ndege zikianza kuondoka, kila asiye na kazi, wapishi, makarani, wasichana wa simu, hata kasisi, alisimama mwisho wa lami akapunga mkono mpaka ya mwisho ipotee. Mvua inyeshe, theluji ianguke, tulipunga.

Tena walikuwa na V. Ndege zetu ziliitwa kwa herufi, na V ilisifika kuwa ndege yenye bahati. Kikosi chake cha kwanza kilimaliza safari zote thelathini, kikaondoka kikiwa kimelewa chakari. Kikosi cha pili kilifika katikati ya safari zake, siku moja V ikawa kwenye matengenezo, wakapewa ndege nyingine, na hiyo nyingine haikurudi. Ungedhani watu watasema vita ni vita. Wao walisema V haiui mtu. Mafundi waliichorea bomu dogo la njano puani kwa kila safari iliyorudi, safu juu ya safu, na walipoipita waliipapasa ubavu kama ng'ombe wa maziwa. Vijana waliopangiwa V walionewa wivu kambi nzima.

Mpenzi wa kwanza wa Muriel pale kambini alikuwa Arthur Penrose, mwongoza njia, kijana mpole aliyependa vitabu. Walikwenda sinema Lincoln, wakala chips barabarani. Arthur alikufa Oktoba. Muriel alilia, kisha akaanza kupona, kama wasichana wa umri wake wanavyopona. Krismasi akacheza dansi na Stan Bickley, mpiga bunduki. Dansi tu, na busu nyuma ya ukumbi. Mwaka mpya haujatulia vizuri, Stan naye akafa.

Ndipo neno lilipoanza. Sijui nani alilitamka kwanza, na ningemjua ningekwenda kutema mate kaburini kwake. Nuksi. Yule msichana ana nuksi. Baadaye nilisikia kwamba karibu kila kambi ya mabomu ilikuwa na wake, msichana aliyefiwa na wapenzi wawili watatu mpaka wanaume wakaanza kumkwepa kama ndui. Vijana walikuwa wanakufa kama nzi! Msichana yeyote aliyependa wawili angefiwa na wawili. Lakini nani alitaka kuliona hilo? Kuliona hilo ni kukubali kwamba hata wewe, na skafu ya mama yako, unakufa tu. Afadhali iwe kosa la Muriel.

Nililiona kwa macho yangu alasiri moja ya Januari. Mvua inapiga, Muriel kasimamisha lori mbele ya vijana saba waliosheheni mizigo, na hakuna anayepanda.

"Pandeni basi, mnalowa!" akawaita.

"Tunasubiri lori jingine, dada."

"Lori jingine liko gereji. Haya jamani, leo nitaendesha taratibu kama nimebeba bibi harusi."

Waliinamisha vichwa, wakaanza kutembea kwenye tope. Muriel alidhani wanamtania. Akawafuata nyuma polepole, anapiga honi, anacheka, anawaita wavivu wa kupanda. Alikwenda hivyo mpaka katikati ya uwanja. Kisha mmoja wao akageuka na kumtazama, na honi ikanyamaza.

Wiki ile ile ofisa wa usafiri akamhamishia lori la makaa ya mawe. "Ni kwa ajili ya utulivu wa vijana, Grummitt," alimwambia. "Nina hakika unaelewa." Hakuna aliyeandika popote kwamba ana nuksi. Waliondoa tu viti vyao kando ya kiti chake, wasichana wenzetu pia, wale wenye wachumba wa angani wakiwa wa kwanza.

Wilf Cribb alitujia wakati huo. Alikuwa fundi wa injini wa V, mtu wa Bradford aliyetengeneza mabasi kabla ya vita, mfupi, masikio yamesimama. Siku hiyo mimi na Muriel tulikuwa peke yetu kwenye meza ya watu wanane. Akaja na sahani yake.

"Kiti hiki kina mtu?"

"Kina nuksi," Muriel akasema bila kuinua macho. "Hujasikia?"

"Nimesikia. Lakini naona nuksi haili soseji. Nisogezee chumvi."

Muriel alicheka, kile kicheko chake, na kantini yote ikageuka. Tangu siku hiyo hawakuachana. Walizunguka vijijini kwa baiskeli moja, Wilf akikanyaga na Muriel kakaa mbele, na kwa ule uzito wake mara nyingi waliishia mtaroni. "Pasaka nakuoa," Wilf alimwambia mbele yangu. "Thelathini zikiisha tu. Mama yangu atakuchukia kwa sababu unakula kumzidi." Muriel alianza tena kupiga miluzi akipakua makaa. Nilifurahi, nakwambia kweli. Nilifurahi mpaka nikaogopa.

Wenzake Wilf hawakufurahi. Kikosi chao kilikuwa kimebakiza safari chache, na V, ambayo haikuwa imeguswa kwa miezi, ikaanza kuguswa. Mara tairi limepasuka, mara redio imekufa juu ya bahari, mara vipande vya kombora vimetoboa ubavu. Ndege zote zilikuwa zinatobolewa majira yale. Lakini mpiga bunduki wao wa mkiani, Norman Tibbs, akaanza kukesha akizungukazunguka bwenini, na sababu alikuwa nayo tayari, inapakua makaa na kupiga miluzi.

Rubani wao, Royle, kijana wa Australia, alimfuata Muriel jikoni kwetu mchana mmoja. Mimi nilikuwa nasugua masufuria.

"Muriel, nimekuja kukuomba jambo baya," akasema.

"Omba, nahodha."

"Zimebaki tatu. Norman halali. Anasema akikuona tena karibu na V hapandi, na asipopanda watamvua cheo na kumwita mwoga mpaka azeeke. Mimi mwenyewe siamini mambo haya."

"Sasa umefuata nini?"

Alizungusha kofia yake mikononi. Alikuwa na umri wa miaka ishirini na mbili na kope zake zilikuwa za mzee. "Nataka kwenda nyumbani," akasema. "Usimwone Wilf mpaka tumalize. Usiongee naye. Na tukiondoka, usije kupunga mkono."

"Mwambie atoke na upuuzi wake!" nikapiga kelele, na sufuria ikaniponyoka. "Rubani mzima! Wewe si mtu wa kanisa wewe?"

"Tulia, Olive," Muriel akasema. "Ni safari tatu."

"Ukikubali, umekiri. Watasema hata mwenyewe anajijua."

"Na nikikataa wakafa?"

Niliinama kuokota sufuria. Royle naye alitazama chini. Muriel akafuta mikono yake myeusi kwenye aproni yangu na kusema sawa, atafanya hivyo, na kwamba nahodha amwambie Norman alale.

Wilf alipoambiwa alivurugana na wenzake nusura wapigane. Jioni akaja chini ya dirisha letu, jambo lililokatazwa, akaanza kuita. Muriel alijilaza na kufunika kichwa kwa mto. Nilitoka mimi.

"Mwambie atoke."

"Hatoki. Kamuulize nahodha wako."

"Nimeshamuuliza na nimeshamtukana. Mwambie hivi, Olive. Mimi mambo ya nuksi siyaamini, sijawahi, na sitaamini. Siku nikishuka kwenye ile ndege kwa mara ya mwisho naenda moja kwa moja kwa kasisi kupanga tarehe. Umenisikia? Mwambie vile vile, usipunguze."

Nilimwambia vile vile. Alicheka ndani ya mto.

Safari mbili zilikwenda na kurudi. Ya tatu ilikuwa Machi. Jioni sote tulikwenda mwisho wa lami kama kawaida, na Muriel akajifungia bafuni na kufungua mabomba yote asisikie injini. V iliponipita nilimwona Wilf nyuma ya kioo, kando ya rubani, anaangalia ukingoni tulikosimama. Alikuwa anamtafuta. Nilipunga kwa mikono yangu miwili, mmoja kwa ajili yangu na mmoja kwa ajili ya Muriel.

Alfajiri walirudi wenye bahati. V haikuwamo. Kulipokucha watu wa ofisi walikuja na magunia yao, wakaingia bweni la akina Wilf, na Muriel, aliyekuwa akimimina makaa mlango wa pili, alisimama na koleo lake akawatazama wakikunja mablanketi. Hakulia. Alisema tu, "Kumbe haikusaidia," na uso wake haukuwa na kitu. Ningejua yatakayokuja, ningeliombea neno lile la "haikusaidia" libaki kweli. Mungu wangu, ni maneno gani haya ninayoandika. Lakini ndivyo ninavyoona.

Saa nne asubuhi ikasikika ndege. Ilikuwa V. Walikuwa wametua kwenye uwanja wa pwani, bawa limetoboka na petroli imekauka, wakazibwa haraka, wakajazwa, wakapaa tena, na ujumbe wa simu ukachelewa kuliko ndege yenyewe. Mafundi walikimbia uwanjani wakilia waziwazi. Wote saba, wazima. Muriel alinikumbatia mpaka miguu yangu ikaacha ardhi, masizi yake yote yakaja kwangu. "Yu hai! Olive, yu hai!" Kisha akakimbia kuoga, maana Wilf angekuja wakati wowote, naye hakutaka akutwe mweusi.

Wilf hakuja. Jioni vijana wa V walibebwa mabegani mpaka kilabuni kijijini, na nyimbo zao zilifika kwetu. Muriel alisubiri amevaa sketi ya Jumapili. "Wamelewa," alisema. "Mwache anywe, ameitolea jasho." Kesho yake mchana ndipo alipokuja, na begi lake la likizo begani. Alisimama mlangoni, hakuingia.

"Nimekuja kukushukuru," akasema.

"Kushukuru nini wewe, ingia ndani."

"Kombora lilitupata kwenye bawa. Moto ulikuwa unalamba tangi la petroli, na ukazimika. Wenyewe, Muriel. Mimi ndiye fundi, najua kuwa moto ule haukupaswa kuzimika. Halafu Norman akasema kwenye redio, 'Hakutupungia,' na sote tukaelewa."

"Na wewe?"

Alihamisha begi bega la pili. "Na mimi."

Muriel alishika kitanda. "Lakini imeisha, Wilf. Thelathini zimekwisha."

"Baada ya miezi sita wataniita tena, awamu ya pili. Nitapandaje nikijua uko nyumbani kwangu unanisubiri?"

"Sitapunga mkono," Muriel akasema haraka. "Nimeshazoea kutopunga. Nitakuwa najifungia, nafungua maji, hata sitajua umeondoka."

"Haitoshi," Wilf akasema, na naapa alikuwa analia.

Nilimrukia. Nilimwita mbwa, nikamwita majina ambayo baba yangu angenichapa kwayo, nikamuuliza yuko wapi kasisi wake. "Olive, wewe hukuwamo mle ndani," ndilo neno pekee aliloniambia. Muriel ndiye aliyenishika mkono.

"Nenda, Wilf," akasema. "Nenda upesi. Usinitazame sana."

Akaenda. Nasikia aliishi vizuri Bradford, akaoa, akapata watoto wanne na duka la baiskeli. Hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo linalonichoma. Mtu mbaya ningejua la kumfanya.

Usiku na mchana nilimpigia Muriel kelele. Nilimwambia vijana wale wamerukwa na akili, nilimwambia aandike kwa mama yake Wilf. Yeye akanijibu kwa upole, kama amekaa akalipanga: "Arthur sikumwacha, akafa. Stan sikumwacha, akafa. Wilf nimemwacha, yu hai. Sasa wewe unataka nifanye nini, Olive?"

Mwezi uliofuata V ilipewa vijana wapya. Katika safari yao ya pili haikurudi. Ndege yenye bahati, na mabomu yake yote ya njano puani, na watu saba. Mafundi wake walikaa kwenye nyasi pale ilipokuwa ikiegeshwa, hawana la kufanya. Na mimi nilikimbia bwenini kama mtu aliyebeba habari njema, maana nilikuwa na ushahidi mkononi.

"V imeanguka!" nikamwambia. "Na wale hukuwajua! Hukucheza nao, hukuwapungia, hukukaa nao meza moja. Imekufa bila wewe. Umeona sasa?"

Muriel alikuwa ameketi kitandani anafunga kamba za viatu. Hakuinua kichwa.

"Rubani wao alikuwa na nywele nyekundu," akasema. "Jumatatu aliniomba kiberiti mlangoni pa kantini."

"Muriel!"

"Nikampa."

Nilikaa kando yake, nikamshika bega. Nilitaka tu kumshika. Alinitoa mkono taratibu, akaniuliza kama nimepata barua ya Fred. Fred alikuwa mchumba wangu, na wakati ule yuko kwenye meli za misafara, baharini kaskazini, ambako nako wanaume walikuwa wanakufa. Nilisema sijapata wiki nyingi. Muriel akainuka, akakunja blanketi zake, akaburuta kitanda chake mpaka mwisho kabisa wa bweni, kwenye pembe iliyovuja. Nilimsihi. Nililia. Akasema nisije tena upande ule.

Fred alirudi. Tuliishi naye miaka thelathini na nane kabla sijamzika. Muriel hakuja harusini kwetu. Alituma vikombe vya chai na kikadi chenye pongezi, na mara moja tu, tukiwa tumeshazeeka wote, nilithubutu kumuuliza kama bado anayaamini mambo yale ya kambini. Alinitazama kwa furaha, ndiyo, kwa furaha kabisa, akasema, "Si nilikisogeza kile kitanda? Na Fred si alirudi?"